Kuanza gemu upya bila kumfutia mwenzako

Ukiifuta gemu kwenye mashine ya PS4 kisha ukaiweka tena, itafunguka pale pale ulipoachia. Watoto wengi hapa Langoni huja kwangu na jambo hilo. Mtu ameshinda mchana kutwa akingoja gemu ijipakie upya, anaiwasha, na timu ile ile iliyoshuka daraja inamngoja kwenye msimu ule ule wa tatu. Mashine haijaharibika. Gemu ni kitu kimoja na sevu, yaani kumbukumbu ya ulipofikia, ni kitu kingine, na kila kimoja kina mahali pake. Ukifuta gemu unapata nafasi kwenye diski ngumu, basi. Sevu inaachwa kwa makusudi, ili aliyeifuta gemu kwa kubanwa na nafasi asipoteze jasho lake.

Nina chumba cha gemu hapa Lamu, sakafu ya chini ya nyumba yetu, mlango wake ukitazama kichochoro cha kutokea Ndia Kuu. Kina PS4, PS5 niliyoletewa na ndugu yangu kutoka Mombasa, na PS2 ya zamani ambayo bado ina wapenzi wake. Watoto huniita shangazi, na wazazi wao hunipelekea mashine za nyumbani zikiwasumbua. Ombi la "Shangazi, nifutie nianze upya" ndilo ninalolifanya polepole kuliko yote, kwa sababu sevu ikifutwa kwenye mashine hizi haina pipa la taka la kwenda kuiokota. Imekwenda.

Kabla sijashika padi huwa nataka kujua mambo matatu: sevu hii ni ya nani, imekaa wapi, na je, ni lazima ifutwe? Naanza na hilo la tatu kwa kuwa mara nyingi ndilo linalomaliza kazi. Menyu za mashine hizi hazina Kiswahili, kwa hiyo maneno ya kubonyeza nitayaandika kama yanavyosomeka kwenye skrini.

Huenda huna haja ya kufuta

Gemu nyingi za hadithi zina "New Game" kwenye menyu ya kwanza. Bonyeza hapo na hadithi inaanza mwanzo, huku sevu zako za zamani zikikaa kwenye nafasi zake. Cha kuangalia ni ile sevu inayojiandika yenyewe kila baada ya muda. Hiyo gemu mpya itaiandikia juu. Kwa mfano kwenye GTA V, ukisimamisha mchezo ukaingia "Game" kisha "New Game", zile ulizosevu kwa mkono zinabaki mpaka wewe mwenyewe uandike juu yake, lakini ile ya kujiandika itashika mwendo mpya. Kwa hiyo kabla ya kuanza upya, sevu kwanza kwa mkono. (GTA simchezeshi mtoto. Imeandikiwa miaka 18 kwenda juu, na mzazi akiniuliza humwambia hivyo hivyo.)

Njia ya pili ndiyo ninayoipenda zaidi: mtengeneze mtumiaji mpya. PS4, PS5, Xbox na Nintendo Switch zote zinamwekea kila mtumiaji sevu zake peke yake. Kwenye PS4, ukurasa ule wa kuchagua nani anacheza una "New User", ndani yake "Create a User". Mpe jina, ingia, fungua gemu ile ile: itakuuliza mwanga wa skrini na mipangilio ya mwanzo kama vile haijawahi kuchezwa duniani. Hujafuta hata herufi moja. Gemu ya diski itamkubali mtumiaji yeyote. Iliyonunuliwa mtandaoni nayo itamkubali, mradi mashine hiyo imewekwa kuwa ndiyo kuu ya yule aliyeinunua.

Ipo na njia ya tatu, na wengi wameipita bila kuijua. Hapo hapo kwenye "New User" kuna "Play as a Guest". Anayeingia kwa njia hiyo anacheza, anasevu, na akitoka mashine inafuta kila alichoacha. Msimu wa Maulidi, mji ukijaa wageni na nyumba zikijaa binamu kutoka Faza na Siyu na Mombasa, mlango huo ndio ninaowafungulia watoto wageni. Wanacheza wanavyotaka, wakiondoka mwenye mashine anakuta mambo yake kama alivyoyaacha.

Sevu ni ya nani

Likizo ya Agosti aliingia kijana na PS4 ameiviringisha kwenye kanga ya mama yake.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Imekuwaje?"

"Nataka unifutie FIFA yote nianze na timu nyingine."

Nikaiunganisha na televisheni. Mtumiaji alikuwa mmoja tu, na jina halikuwa la kijana yule. Nikaingia kwenye orodha ya sevu, zikatokea Career tatu, yaani safari za kuongoza timu msimu hadi msimu, kila moja na tarehe na saa ya mwisho kuchezwa. Moja ilikuwa ya juzi. Mbili zilikuwa za miezi ya nyuma.

"Zote hizi zako?"

"Hii ya juu ndiyo yangu. Hizo za kaka."

"Kaka yuko wapi?"

"Mombasa, chuoni."

"Amejua kwamba unafuta?"

Akatazama chini.

"Basi mpigie."

Akampigia, akaweka spika. Kaka akanisalimu vizuri, kisha akasema, "Shangazi, nakuomba ile ya Sevilla usiiguse. Nimeanza nayo tangu niko sekondari." Nikamwambia haitaguswa, na nakala nitamtilia kwenye flashi. Tukafuta ile moja ya mdogo wake, na papo hapo nikamtengenezea mdogo mtumiaji wake, ili siku nyingine asilazimike kuchezea ndani ya mali ya mtu.

Nimelisimulia hili kwa sababu nyumba zetu ni za watu wengi na mashine ni moja. Watu hudhani ni kitu kidogo, gemu tu. Kwa yule kaka ile Sevilla ilikuwa ni jioni zake za miaka miwili mitatu. Tarehe iliyo kando ya kila sevu ndiyo shahidi wako: kama hukumbuki kucheza siku hiyo, si yako, uliza.

Nakala kwanza

Kwenye PS4, chomeka flashi. Iwe imefomatiwa kwa mfumo wa FAT32 au exFAT, maana ile ya NTFS inayotoka kwenye kompyuta haitasomwa. Nenda "Settings", shuka hadi "Application Saved Data Management", ingia "Saved Data in System Storage", kisha "Copy to USB Storage Device". Chagua gemu, tia alama kwenye sevu unazozitaka, halafu "Copy". Flashi ndogo inatosha, kwani sevu ni ndogo sana ukiilinganisha na gemu yenyewe. Siku ukiitaka irudi, sehemu hiyo hiyo ina "Saved Data on USB Storage Device", na humo "Copy to System Storage". Uwe umeingia kwa mtumiaji yule yule mwenye sevu, kwa sababu sevu ya PS4 inamfuata mwenyewe.

PS5 ina masharti yake. Sevu za gemu za PS4 unazozichezea kwenye PS5 zinakubali kwenda kwenye flashi. Sevu za gemu za PS5 zenyewe hazikubali. Nakala yake ni ya mtandaoni tu, na inataka uwe na PlayStation Plus, huduma ya mtandaoni ya kulipia. Hapa mjini hilo lina ugumu wake. Kuta za nyumba zetu ni za mawe ya matumbawe, nene, na waifai iliyoko barazani haifiki chumba cha ndani. Wengi wanadhani nakala imepanda kumbe mashine haijaona mtandao tangu mwezi uliopita. Kwa hiyo kabla ya kufuta chochote kwenye PS5, isogeze karibu na ruta, ingia kwenye orodha ya sevu za mtandaoni, na uisome tarehe kwa macho yako. Kama tarehe ni ya zamani, ipandishe tena na ungoje imalize. Na kama huna PlayStation Plus, rudi kule kwa mtumiaji mpya, uiache sevu ilipo.

Jambo jingine kabla ya kunakili au kufuta: tazama mita. Tokeni zikiisha au stima ikikatika mashine ikiwa katikati ya kuandika, sevu inaweza kuharibika, na iliyoharibika haifunguki. Mimi zikikaribia kwisha sianzi kazi hii mpaka niongeze.

Sasa kufuta kwenyewe

Funga gemu kwanza. Hapa ndipo watu wanapojichosha. Ukiiacha gemu wazi nyuma, au mashine ikiwa imelazwa tu bila kuzimwa, gemu bado inashika kichwani ulipokuwa, na ukirudi inasevu tena palepale. Kwenye PS4, simama juu ya picha ya gemu, bonyeza "Options", chagua "Close Application".

Kisha pitia njia ile ile ya nakala: "Settings", "Application Saved Data Management", "Saved Data in System Storage", safari hii "Delete". Itatokea orodha ya gemu. Juu yake pana mahali pa kuchagua gemu nyingi kwa pamoja. Usipaguse, maana kidole kimoja kikiteleza umefuta na za wengine. Ingia ndani ya gemu moja unayoitaka, tia alama kwenye faili moja moja, soma tarehe, ndipo ubonyeze "Delete" na ukubali.

Kwenye FIFA, na sasa EA Sports FC, utakuta mafaili kadhaa: ya mipangilio yako, ya vikosi, na ya kila Career. Futa la Career peke yake. Ukifuta na la mipangilio, vitufe ulivyovizoea, muda wa mechi na sauti vitarudi vya kiwandani na utakaa kuvipanga tena. Ukiona majina ya mafaili yanakuchanganya, fungua gemu yenyewe uingie "Customise", kisha "Profile". Pana sehemu ya kufutia huko pia, na majina yake yanasomeka vizuri zaidi.

Kama una PlayStation Plus, ujue nakala nyingine iko mtandaoni. Ikiwa nia yako ni kufuta kabisa, ingia na "Saved Data in Online Storage" uifute na huko. La sivyo, siku mtu akiishusha, ya zamani itarudi juu ya mpya.

PS5 njia yake ni "Settings", kisha "Saved Data and Game/App Settings", halafu uchague kama ni sevu za PS5 au za PS4, ingia "Console Storage", na humo "Delete". Wengi hupotea hapo kwenye kuchagua: gemu ni ya PS4 ila wanaitafuta upande wa PS5, hawaioni, wanasema imejifuta. Tazama upande wa pili.

Vikombe (trophies) ulivyoshinda havifutiki na sevu. Vimeandikwa kwenye akaunti, na utaanza gemu mwanzo vikiwa vimebaki.

PS2 na kadi yake

Naipenda kazi ya PS2 kwa sababu sevu unaishika mkononi. Iko kwenye kadi ile ya MB 8, haimo kwenye diski wala kwenye mashine. Toa diski, washa mashine, chagua "Browser". Zitatokea kadi zilizochomekwa. Ingia kwenye kadi, na kila sevu itakuja na kipicha chake kinachozunguka. Simama juu ya unayotaka, bonyeza X, na utapewa "Copy" au "Delete". Ukiwa na kadi ya pili kwenye tundu la pili, nakili kwanza huko, kisha ufute. Ukikosa kadi ya pili, azima kwa rafiki. Mashine hii ilianza kuuzwa mwaka 2000 na kadi nzuri si rahisi kupatikana tena.

Adui wa kadi hapa kwetu ni hewa ya chumvi. Pini zake hupata ukungu wa kijani na mashine ikaacha kuisoma. Hapo gemu huweza kukwambia kadi haijafomatiwa, ikuulize kama iiformati. Jibu "No". Ukikubali, kila kitu kilichomo kinafutwa, cha kwako na cha wenzako, na huenda shida ilikuwa uchafu tu. Zima mashine, toa kadi, chukua pamba umeitia spiriti kidogo, sugua pini taratibu kwa kufuata urefu wake mpaka pamba itoke safi, iache ikauke kabisa, rudisha. Nimeona kadi zilizokatiwa tamaa zikasoma baada ya hapo, zikiwa na Master League ya mtu, ile ligi ya gemu ya mpira, ikiwa nzima ndani yake.

Usichomoe kadi wala kuzima mashine wakati maandishi ya kusevu yako kwenye skrini. Hilo halina mjadala.

Mashine nyinginezo

PS3: kwenye safu ya "Game" ingia "Saved Data Utility", simama juu ya sevu, bonyeza pembetatu, "Delete". Jirani yake kuna "Game Data Utility". Hiyo ni mizigo ya gemu, haina ulichocheza. Ujue pia kwamba baadhi ya sevu za PS3 zimefungwa na hazikubali kunakiliwa kwenye flashi.

Xbox One na Series: simama juu ya gemu, bonyeza kitufe cha menyu, "Manage game and add-ons", "Saved data", chagua jina lako. Itakupa kufuta kwenye mashine tu au kila mahali. Ukichagua kwenye mashine tu, ikiona mtandao itaishusha tena ya zamani. Anayetaka kuanza kweli mwanzo achague kila mahali, akishajua hakuna kurudi nyuma.

Nintendo Switch: "System Settings", "Data Management", "Delete Save Data", chagua gemu, chagua mtumiaji. Sevu zimo ndani ya mashine. Kuchomoa kadi ya kumbukumbu au kufuta gemu hakuzigusi.

Watoto wanaoletewa Nintendo DS za zamani na jamaa walioko Dubai hunijia na Pokémon, ambayo ina nafasi moja tu ya sevu. Ukianza mpya inakukatalia kusevu kwa sababu ya zamani ipo. Fika kwenye ukurasa wa jina la gemu, shika pamoja Juu, Select na B. Itakuuliza kama ufute sevu yote. Kwenye 3DS ni Juu, X na B. Game Boy nayo ni Juu, Select na B kama DS.

Yale yasiyokaa kwenye mashine

Ultimate Team ya FIFA, ile timu unayoijenga mtandaoni, haimo ndani ya PS4 yako. Iko kwenye seva za EA, waliotengeneza gemu hiyo. Ufute sevu zote, uifute gemu, ukiingia kwa akaunti ile ile timu yako itakuwa inakungoja. GTA Online ni vivyo hivyo kwenye seva za Rockstar, watengenezaji wa GTA. Mambo hayo hufutwa, kama yanafutika, ndani ya gemu yenyewe ukiwa mtandaoni. Anayetaka Ultimate Team mpya kabisa njia nyepesi ni akaunti nyingine. Minecraft iko kinyume chake: kila ulimwengu ni faili lake, na unaufuta mmoja mmoja kwa kubonyeza penseli iliyo kando ya jina lake, huku mingine ikibaki salama.

Wazazi nao nina neno nao. Ndani ya "Settings" za PS4 kuna "Initialization", na ndani yake "Initialize PS4". Hiyo inafuta kila mtumiaji na kila sevu na kila gemu. Ni ya siku unapoiuza mashine. "Delete User" nayo inaondoka na sevu zote za mtumiaji yule, hata kama mlikusudia kufuta jina tu. Mtoto akikwambia "baba, niriseti" muulize anataka kuriseti kitu gani, kisha umpeleke kule kwenye orodha ya sevu.

Hakikisha

Ukishafuta, izime mashine kabisa, iwashe, fungua gemu. Ukiona "Continue" kwenye menyu ya kwanza, kuna sevu imebaki mahali: ya mtandaoni, ya mtumiaji mwingine uliyemwingilia bila kujua, au ile iliyojiandika kwa sababu hukufunga gemu. Rudi uitafute kwa tarehe yake. Ukiulizwa mwanga wa skrini au lugha, umefika mwanzo.

Flashi ya nakala usiirudishe kwenye matumizi ya nyimbo na sinema. Nakala ya PS4 inakaa kwenye folda iitwayo PS4, na mtu akiichomeka kwenye kompyuta akaona folda asiyoijua, huifuta ili apate nafasi. Ifunge karatasi yenye jina la mwenye sevu, jina la gemu na mwaka. Ya yule kijana wa chuoni niliiandika hivyo na kumkabidhi mama yake, ili akija likizo aikute nyumbani.